Amekula, Neno Limekwisha

Kosa la Nabintu lilikuwa kula. Hakumtukana mtu, hakuvunja mlango, hakukwaruza gari la mtu. Alinawa mikono, akamega tonge la bugali, akachovya kwenye sombe, yaani kisamvu, akala. Tena, kwa kuwa samaki alikuwa mtamu, akaongeza. Basi ndivyo alivyonyang'anywa mtoto, mdomo wake mwenyewe ukiwa umejaa.

Ilikuwa Jumamosi ya Agosti, huko Westerville, pembeni mwa Columbus. Nabintu alikuwa ameendesha gari kutoka Louisville, jimbo jirani la Kentucky, tangu alfajiri kumfuata binti yake Séphora, wa miaka minane. Hakimu wa Louisville, siku alipomtenganisha na mumewe Zihindula, alikuwa amesema wazi: mtoto ataishi na mama, baba atakuwa naye wikiendi moja kila mwezi na Julai nzima. Julai ilikuja, ikaisha. Agosti ikaingia, shule zikakaribia kufunguliwa, na Zihindula kila akipigiwa simu ana sababu mpya: mara yuko juu ya forklift kazini, mara betri inakufa, mara mtoto amelala. Mchana wa jua kali, mtoto amelala! Nabintu aliomba ruhusa kwenye nyumba ya kutunzia wazee anakofanya kazi, akaitia amri ya hakimu kwenye mkoba, akaondoka.

Alipofika kwa Zihindula alikuta viatu vimejaa mlangoni na watu wamejaa sebuleni. Zihindula alikuwa kwenye kochi, macho kwenye simu. Karibu naye ameketi kaka yake mkubwa, Mushagalusa, aliyetoka Buffalo, mzee wa kanisa, mtu ambaye hata akiomba chumvi lazima aanze na utangulizi. Na jikoni alikuwemo mama yao, ambaye kila mtu humwita Koko, yaani bibi. Koko ndiye aliyemkanda Nabintu kwa maji ya moto kule kambini Nakivale, Uganda, Séphora alipozaliwa. Ndiye aliyemnywesha uji kwa mkono wake. Mtu wa namna hiyo akikuwekea sahani, utaisukuma?

"Séphora iko wapi?" Nabintu aliuliza.

"Iko inje na benzake," Koko alijibu bila kumtazama. "Kula kwanza, mutoto wangu. Umetoka mbali."

Akala.

Mushagalusa alimngojea anawe mikono, akajipangusa midomo, akasimama. "Bwana asifiwe. Bon. Mama Séphora amekula, bantu bote bameona. Donc maneno imekwisha."

"Maneno gani?"

"Ya mutoto. Jana tuliikala sisi bazee, tukaona hivi: kama bazazi biko mbali-mbali, mutoto ataikala na koko yake kwangu, kule Buffalo. Siku mutarudiana, tutamurudisha. Ungekuwa na neno, ungekataa chakula. Na weye umekula."

Hapo ndipo Nabintu alipokumbuka. Desturi hiyo aliijua vizuri, maana amekulia ndani yake. Kwa watu wa kwao, mwenye kinyongo hagusi chakula cha mgomvi wake. Akigusa, amesamehe, na akikumbushia tena yale maneno anachekwa. Alisahau tu. Miaka miwili ya kuzoea mahakama za Louisville ilikuwa imemsahaulisha kwamba nyumba ile ina hukumu yake, na hukumu hiyo hupakuliwa kwenye sahani.

Akatoa amri ya hakimu mkobani. Mushagalusa hakunyoosha hata mkono. "Iyo ni ya inje," alisema. "Mutu wa kanisa hapelekake ndugu yake kwa juge." Juge kwao ni hakimu.

Nabintu alitoka mbio hadi uani. Watoto walikuwepo, wanacheza mpira. Séphora hakuwepo. Wakati yeye anatafuna, shangazi mmoja alikuwa amemtia mtoto kwenye gari, na gari lilikuwa tayari limeshika barabara ya kwenda Buffalo.

Aliita polisi. Akaja askari kijana, mpole, akasikiliza pande zote akiwa amesimama katikati ya masufuria. Mushagalusa, ambaye Kiingereza chake ni kile cha kwenye harusi, alimweleza kwamba familia ilikutana na mama akakubali. Askari akamgeukia Nabintu, akamuuliza kama ni kweli alikubali. Na Nabintu, badala ya kusema hapana, neno dogo tu la hapana, akasema ukweli wa kwao.

"Nilikula."

"Sijakuelewa, mama."

"Nilikula chakula chao."

Askari aliyatazama masufuria, akamtazama yeye, asione uhusiano. Halafu akaeleza taratibu kwamba amri ile ni ya Kentucky. Ili iwe na nguvu kwenye jimbo lingine, ni lazima kwanza isajiliwe na mahakama ya huko mtoto aliko. Bila hivyo yeye hawezi kumtoa mtoto kwenye nyumba ya mtu. Akamrudishia karatasi zake na kumtakia siku njema. Siku njema!

Nabintu alilia kutoka Columbus hadi Cincinnati. Alipovuka daraja na kuingia Kentucky alichoka kulia, akakasirika, na hasira ikamfaa zaidi kuliko machozi.

Siku chache baadaye Koko alimpa Séphora simu. Mtoto alijibu kwa Kiingereza, kama kawaida yake, kwa sauti ya mtu aliyeonewa. "Baba Mkubwa anasema ulikubali nikae huku."

"Sikukubali, mama yangu."

"Lakini ulikula. Nilikuona kwenye dirisha, nikiwa ndani ya gari. Nilikupungia mkono. Ulikuwa unakula."

Kati ya yote aliyotendewa Nabintu mwaka ule, hilo ndilo lililomchoma kuliko yote.

Mushagalusa naye hakulala. Kwenye kundi la WhatsApp la kanisa, lenye watu wa Louisville, Columbus na Buffalo, alitia sauti ndefu yenye mistari mitatu ya Biblia, akisikitika kwamba dada mmoja anataka kuwapeleka ndugu zake kwa askari baada ya kula nao meza moja. Watu wa kundi wakaanza kumpigia Nabintu simu. Mama mmoja alimwambia Nabintu avumilie, mtoto ni wa ukoo. Mwingine alimwambia atubu. Mchungaji wake mwenyewe alimshauri afunge na kuomba. Nabintu alijibu kwamba kufunga ndiko alikopaswa kufanya Westerville, sasa amechelewa. Kisha akabonyeza kitufe na kusema kwenye kundi lile lile, wasikie wote katika miji mitatu.

"Miye Nabintu, mama ya Séphora. Nakwenda kwa juge. Mwenye kuniombea aniombee. Mwenye kunisema aseme kwa nguvu, nisikie na miye."

Maji ukiyavulia nguo, huna budi kuyaoga.

Wakili wa msaada wa bure alimpeleka hatua kwa hatua. Amri ya Louisville ikatumwa Buffalo isajiliwe. Zihindula akapewa taarifa na nafasi ya kupinga, akapinga. Siku ya kusikilizwa walionana kwenye kioo cha kompyuta, Nabintu jikoni kwake, Zihindula ndani ya gari lake, amefunga tai. Hakimu wa Buffalo, mama wa makamo mwenye miwani, alimuuliza Zihindula kwa nini hakumrudisha mtoto. Mkalimani alikuwa Mtanzania, mtu wa Kiswahili kilichopigwa pasi.

"Mama yake alikubali, mheshimiwa."

"Mlikubaliana kwa maandishi?"

"Hapana. Alikula."

Mkalimani alisita, akatafsiri hivyo hivyo. Hakimu akavua miwani. "Alikula nini?"

"Bugali na samaki."

"Na makubaliano yenyewe yako wapi?"

"Ndiyo hayo, mheshimiwa. Chakula hakiandikwagi."

Ukistaajabu ya Musa, utayaona ya Firauni. Hakimu alivaa miwani yake, akasema anaheshimu mila za kila mtu, kisha akaisajili amri na kuagiza askari wa kaunti amsindikize mama kumchukua mtoto wake.

Kufikia wakati huo Oktoba ilikuwa imeingia, na Séphora alikuwa anasoma shule ya Buffalo na kuimba kwenye kwaya ya watoto ya huko. Nabintu aliendesha peke yake, akapita Columbus bila kusimama, akalala Cleveland kwa rafiki, na siku ya pili akaingia Buffalo mvua ikinyesha. Nyumba ya Mushagalusa ilikuwa kwenye mtaa mdogo nyuma ya Grant Street, juu ya ngazi za mbao. Askari wa kaunti, mwanamume mnene mwenye sauti ya upole, alikuwa anamngoja mbele ya duka la Wakongo linalouza dagaa wakavu waitwao sambaza, na vitenge. Wakapanda ngazi pamoja.

Hata kabla mlango haujafunguliwa, harufu ilimfikia. Walikuwa wamepika.

Na kweli walikuwa wamepika hasa. Bugali, sombe, maharage, kuku mzima, sambaza wa kukaanga, sambusa zimepangwa kwenye sinia. Wanawake wa kanisa wameketi ukutani na vitenge vyao vya Jumapili, ingawa ilikuwa Alhamisi. Zihindula hakuwepo, kazi ilimzuia, walisema. Mushagalusa akafungua mikono yote miwili.

"Karibuni! Na afande, karibu! Bon, tuikale kwanza. Mutoto hawezi kutoka mu nyumba na njaa, ata na weye. Kula, Mama Séphora, kisha tutaongea."

Nabintu alisimama pale pale mlangoni. Nyuma ya Koko, ameshika upindo wa kitenge chake, alikuwa Séphora. Alikuwa amerefuka. Alimtazama mama yake bila kusogea, na macho yake yalikuwa yanauliza swali lile lile la kwenye simu.

"Séphora," Nabintu alisema. "Ni kweli uliniona nakula. Nilikosea. Lakini sikukubali, ata siku moja sikukubali. Leo uniangalie tena."

Koko alikuja na sahani. Aliishika kwa mikono miwili, kama anavyopewa mgeni wa heshima. "Mutoto wangu, kidogo tu."

"Hapana, Koko."

"Ata mayi?" Koko akamwonyesha bilauri ya maji.

"Ata mayi."

Wanawake wakaguna. Machozi yakamlengalenga bibi wa watu. "Unakataa mukono yangu? Nabintu, miye nilikukanda na hii mukono. Nilikuogesha ukiwa hauwezi kusimama."

Hilo lilimuuma Nabintu kweli kweli. Alimpenda yule mama kuliko alivyowahi kumpenda Zihindula, na hilo watu wote waliokuwemo mle walilijua, ndiyo maana wakamtuma yeye na sahani. Goti lilimwambia piga, chukua, kula tonge moja, utaharibu nini? Hakupiga.

"Koko, nakupenda, na mukono yako siisahau," alisema. "Siku mutaniita kwa chakula tu, nitakuja na nitakula mpaka sufuria iishe. Lakini hii si chakula. Hii munataka kunifunga kinywa. Leo kinywa yangu ni ya kusema tu. Nataka mutoto wangu."

Wakati huo huo yule askari, ambaye aliona sinia limesogezwa mbele yake mara ya tatu na hakutaka kuonekana hana adabu, alichukua sambusa moja akaing'ata. Nabintu alitamani kumnyang'anya mdomoni. Mushagalusa akaruka kwenye kiti.

"Muliona? Muliona benyewe? Ata serikali imekula!"

Chumba kizima kilishangilia. Askari akatafuna, akameza, akapangusa vidole kwenye karatasi, akasema sambusa ni tamu sana na anawashukuru. Kisha akamtazama Mushagalusa kwa upole ule ule. "Sasa mletee mtoto viatu vyake."

Hakuna aliyeshangilia tena. Askari alikuwa amekula, ameshukuru, na neno lake lilikuwa bado limesimama vile vile. Wazee wa Buffalo hawakuwahi kuona kitu kama hicho. Mushagalusa alifungua mdomo, na kwa mara ya kwanza maishani mwake akakosa utangulizi.

Séphora ndiye aliyesogea. Aliachia kitenge cha Koko, akaenda kuvaa viatu vyake mwenyewe, akarudi kumkumbatia bibi yake kwa muda mrefu, wakalia wote wawili. Halafu akaja mlangoni. "Hukula," alimwambia mama yake kwa Kiingereza.

"Sikula."

"Una njaa?"

"Nakufa na njaa. Twende."

Mngedhani mambo yameishia hapo. Louisville walimpokea kwa vigelegele, hata wale waliomwambia atubu. Yule mama aliyemwambia avumilie akaleta keki. Hakimu wa Louisville akamwita Zihindula, akamkaripia, akamwonya kwamba akirudia atapoteza siku zake zote. Lakini zile wikiendi za kila mwezi hakuziondoa. Aliagiza tu kwamba mtoto akabidhiwe huko Columbus, kwenye uwanja wa magari wa kituo cha polisi, upande wa Clintonville.

Wikiendi ya kwanza ilipokaribia, Salomon, kaka yake Nabintu, alikuja jioni na ushauri mkononi. "Dada, usimupeleke. Hama, badilisha numero. Sema mutoto iko mugonjwa. Bale bantu balikuibia mutoto, na weye unabarudishia tena?"

"Juge amesema wikiendi moja."

"Juge haiko hapa!"

"Ata Mushagalusa alisema vile," Nabintu alimjibu. "Sheria ni msumeno, kaka yangu, unakata mbele na nyuma. Kule Buffalo nilikataa mezani mbele ya bantu bote juu ya iyi karatasi. Leo inanikata miye, donc niichane? Basi nitakuwa Mushagalusa mwenye kuvaa kitenge."

"Na kama hatamurudisha?"

Nabintu naye alikuwa ameliwaza hilo. Aliogopa. Usiku ule alisimama mlangoni mwa chumba cha Séphora akimsikiliza anavyopumua. Lakini alikuwa amechoka kuishi kwa hila, hila za kwao na hila za kwake. Ijumaa akajaza mafuta, akamfunga mtoto mkanda, akaondoka na shaka yake.

Walifika mapema. Nabintu akaegesha mwisho kabisa wa uwanja, karibu na ukuta, wakakaa ndani ya gari. Baadaye kidogo gari la Zihindula likaingia na kusimama mbele, likiwa limeelekea barabarani. Zihindula akashuka. Mushagalusa akashuka naye, na koti lake la mazishi. Zihindula akatoa simu, akainyoosha kuelekea lango la kuingilia, akapiga simu ya video kwenye kundi la kanisa, akisema kwa sauti ya kusikitika.

"Bandugu, muone benyewe. Saa imefika. Miye baba niko hapa, mama ya mutoto haiko. Ule mwenye kupenda sheria, leo sheria iko wapi? Muone hii parking, iko bule, hamuna mutu…"

"Geuka, Baba Séphora," Nabintu alisema nyuma yake.

Zihindula aligeuka na simu ikageuka naye. Kwenye kioo walionekana mama na mtoto wameshikana mikono, mtoto na begi lake la shule mgongoni. Mushagalusa alianza kutafuta kitu kwenye mifuko ya koti ambacho hakikuwemo. Zihindula alimtazama binti yake, na uso wake, ambao kwa miezi mingi ulikuwa wa shauri la kaka yake tu, ukawa kwa muda mfupi uso wa baba aliyemkumbuka mtoto. Akataka kuizima ile simu.

"Usizime," Nabintu alisema. Aliuachia mkono wa Séphora, mtoto akatembea kwenda kwa baba yake. "Acha iwake. Umeonyesha bantu miye nikileta mutoto. Jumapili jioni, hapa hapa, ubaonyeshe weye ukimurudisha."